Mwongozo kamili: Ziara ya siku moja Chandigarh kutoka Delhi, kwa gari la kukodi na mwongoza watalii wako

Wageni wengi wanaokwenda Chandigarh, mji wa kaskazini mwa India, kwa siku moja hurudi Delhi usiku wakiwa wameona bustani, ziwa na maduka, lakini hawakuingia Capitol. Capitol ni eneo la Bunge, Mahakama Kuu na Sekretarieti yaliyosanifiwa na msanifu majengo Le Corbusier, na tangu 2016 limo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO. Kwenda Chandigarh ukalikosa ni sawa na kwenda Zanzibar ukaishia bandarini.

Sababu za kulikosa hujirudia. Pasipoti imeachwa hotelini. Msafara wa saa hiyo umeshaondoka. Dereva amepeleka watu kwenye sekta (kipande cha mji kinachotajwa kwa namba) yenye namba ileile, ila ya mji jirani. Yote hayo yanazuilika ukipanga siku nzima kuizunguka Capitol, na hivyo ndivyo hatua zilizo hapa chini zilivyopangwa.

Mwongozo huu unamfaa aliyeko Delhi kwa masomo, biashara au kumsindikiza mgonjwa hospitali, na sasa ana siku moja huru. Wewe mwanafunzi unayeishi Mohali au kwingine karibu na Chandigarh, ruka Hatua ya 2. Saa zote ni za Kiswahili. Panapohusu tiketi tumeweka pia namba utakayoiona kwenye karatasi, kwa sababu kuchanganya 05:50 na saa tano na dakika hamsini kumeshawakosesha watu treni.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya siku ya safari

- Pasipoti halisi ya kila msafiri, pamoja na nakala mbili za ukurasa wa picha na wa viza. Picha iliyo kwenye simu haitoshi getini Capitol.
- Tiketi za treni za kwenda na kurudi, zote zikiwa zimethibitishwa.
- Laini ya simu ya India yenye bando. Madereva wa huko hupiga simu kuliko wanavyoandika ujumbe, na wengi hawapigi namba ya nje.
- Rupia taslimu, 2,000 hadi 3,000 kwa mtu mmoja, mbali na malipo ya gari na mwongoza watalii. Ziwe noti za 10, 20, 50 na 100. Wenyeji hulipa kwa simu, kwa hiyo muuzaji wa maji anaweza kukosa kabisa chenji ya noti ya 500.
- Maji lita moja na nusu kwa kila mtu, kofia, na viatu vilivyofungwa. Uwanja wa Capitol ni zege tupu lisilo na kivuli.
- Mkoba mdogo tu. Sanduku, kisu na ndege ndogo ya kupigia picha viache Delhi.
- Ramani ya mji iliyohifadhiwa kwenye simu, isomeke hata bila mtandao.
- Pawabenki. Ikiwa simu yenye tiketi itazimika saa kumi na moja jioni, utahangaika.

## Hatua ya 1: Chagua siku

Epuka Jumatatu. Makumbusho ya Sekta 10, Kituo cha Le Corbusier cha Sekta 19 na Makumbusho ya Pierre Jeanneret (msanifu aliyefanya kazi na Le Corbusier) ya Sekta 5 hufungwa siku hiyo. Epuka pia tarehe 26 Januari, tarehe 15 Agosti na siku zinazozitangulia, kwa kuwa ulinzi wa Capitol huongezwa na ziara zinaweza kusitishwa bila taarifa.

Kwa majira, Februari, Machi, Oktoba na Novemba ni bora. Mei na Juni joto hupita nyuzi 40, na zege lililopigwa na jua tangu asubuhi hulirudisha joto hilo usoni. Julai hadi Septemba ni masika yao. Mwishoni mwa Desemba na Januari kuna ukungu mzito ambao huchelewesha treni kwa saa nyingi. Ukilazimika kusafiri wakati huo, usipange safari ya ndege kesho yake asubuhi.

Siku za kazi zinapendeza zaidi kuliko mwisho wa wiki. Mahakama Kuu ikiwa kazini utaona mawakili wenye majoho meusi na kola nyeupe wakipita chini ya nguzo za kijani, njano na nyekundu, na hapo jengo linaeleweka. Wikiendi ziwa na bustani hufurika familia.

## Hatua ya 2: Kata tiketi za treni

Kutoka Delhi ni takriban kilomita 250. Kwa gari ni saa nne na nusu hadi tano kila upande, yaani nusu ya siku yako iishie barabarani. Treni ya haraka hutumia saa tatu au tatu na nusu.

Mpangilio unaofanya kazi ni huu:

Kwenda: Vande Bharat ya kuelekea Amb Andaura, inayoondoka New Delhi saa 11:50 alfajiri (05:50) na kufika Chandigarh mnamo saa 2:40 asubuhi (08:40). Ijumaa haitembei.

Kurudi: Shatabdi inayotoka Kalka, namba 12012, inayopita Chandigarh mnamo saa 12:20 jioni (18:20) na kuingia New Delhi karibu saa 4 usiku.

Ukikosa Vande Bharat, panda Shatabdi 12011 ya saa 1:40 asubuhi (07:40). Hiyo hufika baada ya saa 5, kwa hiyo utakuwa umeshaukosa msafara wa kwanza wa Capitol. Ratiba za reli hubadilika. Zithibitishe kwenye tovuti ya reli siku unayonunua na tena siku moja kabla ya safari.

Uuzaji hufunguliwa siku 60 kabla. Nunua mapema, hasa kwa Ijumaa na Jumapili. Akaunti ya tovuti ya reli inaweza kufunguliwa kwa namba ya simu ya nje, ila kadi nyingi za benki zetu hukataliwa wakati wa kulipa. Jaribu siku kadhaa kabla ili ubaki na njia ya pili.

Njia ya pili ni ofisi ya tiketi za watalii wa kigeni iliyo ndani ya stesheni ya New Delhi, ghorofa ya kwanza, upande wa Paharganj. Nenda na pasipoti. Ina mgao wake wa viti kwa watalii; mwenye viza ya masomo anunue kwa mgao wa kawaida.

Tahadhari ya vishoka. Nje ya stesheni utakutana na watu nadhifu, wengine wana vitambulisho shingoni, watakaokwambia ofisi hiyo imefungwa, imehamishwa au imeungua. Watajitolea kukupeleka kwa wakala "wa serikali" ng'ambo ya barabara. Usijibu, usitoe tiketi yako waione, panda ngazi mwenyewe.

Usitegemee tiketi za dakika za mwisho ziitwazo Tatkal. Kuzipata mtandaoni kunataka akaunti iliyounganishwa na Aadhaar, kitambulisho cha wakazi wa India ambacho mgeni wa muda mfupi hana.

Kisha soma herufi zilizo kwenye tiketi. CNF maana yake una kiti. WL maana yake uko kwenye foleni, na tiketi ya mtandaoni inayobaki WL hadi orodha ya mwisho inapotoka hujifuta yenyewe na fedha kurudishwa. Huruhusiwi kupanda nayo. Wengi hufika stesheni wakidhani karatasi yenye WL ni tiketi.

*Umefaulu hatua hii ikiwa* una CNF mbili, zote zinaonyesha NDLS kama stesheni ya Delhi na CDG kama ya Chandigarh. Delhi ina stesheni kubwa kadhaa. Ukimwambia dereva "stesheni ya Delhi" anaweza kukushusha Delhi ya Kale, na treni haikungoji.

## Hatua ya 3: Kodi gari na mwongoza watalii

Hapa ndipo siku huharibika kimyakimya, kwa hiyo tutakaa kidogo.

Kodi gari la Chandigarh, usitoke nalo Delhi. Linalotoka Delhi hulipishwa kilomita za kwenda na kurudi, ushuru wa barabara, kodi ya kuvuka majimbo na posho ya dereva. Linafaa tu kama mko wanne au zaidi na kuna mzee au mtoto mchanga asiyeweza kubadilisha vyombo. Hapo ondokeni saa 10 alfajiri na msimame Murthal mle paratha, chapati nene iliyojazwa viazi, inayoletwa na donge la siagi juu.

Kwa gari la Chandigarh, agiza mkataba unaoitwa "saa 8, kilomita 80". Mzunguko wote wa mwongozo huu hauzidi kilomita 40, kwa hiyo kilomita hazitakushinda, saa ndizo zitakushinda. Kutoka saa 2:40 asubuhi hadi saa 11:40 jioni ni saa 9. Uliza mapema bei ya saa ya ziada, na iandikwe.

Angalia kibao cha namba. Gari la biashara lina herufi nyeusi kwenye kibao cha njano. Kibao cheupe ni gari la mtu binafsi lisiloruhusiwa kubeba abiria wa kulipa. Likisimamishwa na trafiki, wewe ndiye utakayebaki kando ya barabara. Chandigarh ni mji wa kamera na faini, na dereva mzoefu hatakubali kusimama popote ili upige picha. Usimlazimishe.

Kwa mwongoza watalii, dai kitambulisho cha Wizara ya Utalii ya India, picha yake itumwe kwenye simu kabla hujalipa chochote. Halafu muulize maswali matatu:

1. Ziara za Capitol zinaanza saa ngapi na tunajiandikisha wapi?
2. Jumatatu kuna nini kimefungwa?
3. Je, tutaingia ndani ya ukumbi wa Bunge?

Jibu sahihi la swali la tatu ni kwamba hawezi kuahidi, kwani hutegemea vikao na walinzi wa siku hiyo. Anayejibu "tutaingia tu, nina watu pale" mwache. Mwongoza watalii binafsi hana mamlaka ya kukutembeza Capitol peke yake. Msafara huongozwa na ofisa wa utalii wa serikali, na huyo wako huandamana nawe akikufafanulia.

Tuma makubaliano kwa ujumbe mmoja ulioandikwa: tarehe, namba ya treni, saa ya kufika, majina, idadi ya watu, sehemu kwa mpangilio, bei yote pamoja na maegesho, bei ya saa ya ziada, na sentensi inayosema hutaki kupelekwa kwenye maduka ya shali na mazulia. Bila sentensi hiyo utapoteza saa nzima dukani, kwa kuwa dereva hupata kamisheni. Lipa theluthi moja kwanza, iliyobaki jioni.

*Mambo yako sawa ikiwa* jioni ya kuamkia safari una namba ya gari, namba ya simu ya dereva, na picha ya kitambulisho.

## Hatua ya 4: Jifunze kusoma sekta

Tenga dakika kumi ndani ya treni kwa jambo hili. Chandigarh haina mitaa yenye majina kama miji yetu. Imekatwa kwa sekta, kila moja ikiwa karibu mita 800 kwa 1,200, na ndani yake mna soko, shule na bustani yake. Sekta zinatenganishwa na barabara kuu, na zinapokutana kuna kipilefti. Vipilefti hivyo vinafanana sana, mgeni hupotea akidhani amerudi alikotoka.

Sekta 13 haikuwemo katika mpango wa awali. Namba zinaanzia kaskazini, chini ya milima, na kwa safu za juu kuna hesabu inayosaidia: jumla ya sekta mbili zinazotazamana kaskazini na kusini ni 13, 26 au 39. Sekta 4 inatazamana na 9, jumla 13. Sekta 9 na 17, jumla 26. Sekta 17 na 22, jumla 39. Ukijua uko 17 na barabara iliyo mbele ina 9 ng'ambo, unatazama kaskazini, kuelekea Capitol.

Neno *marg* ni barabara. Madhya Marg ni ya kati, Dakshin Marg ni ya kusini, Jan Marg ni ya wananchi nayo inaelekea Capitol. *Chowk* ni makutano. Maneno mengine unayo tayari: dereva ataelewa ukisema gari, duka, chai, hesabu, sabuni na bima, kwa kuwa haya tunayachangia na Wahindi.

Kosa kubwa kuliko yote: Panchkula, mji unaopakana na Chandigarh, una sekta zake zenye namba zilezile. Programu ya teksi ukiiandikia "Sekta 5" peke yake inaweza kukupeleka Panchkula. Siku zote andika namba, herufi ya kipande cha sekta ikiwepo, kisha jina Chandigarh: Sekta 19-B, Chandigarh.

## Hatua ya 5: Kuondoka na kupokewa

Kwa treni ya saa 11:50 alfajiri, agiza gari usiku uliotangulia. Metro ya alfajiri ni ya kubahatisha. Fika dakika 40 kabla, tazama jukwaa kwenye ubao, na simama penye herufi ya behewa lako, kwa mfano C4. Treni ni ndefu. Kukimbia kutoka mwisho hadi mwisho na mzee mkononi si jambo la kutamani.

Ukichagua chakula wakati wa kukata tiketi, kitaletwa kitini. Alama ya kijani kwenye pakiti ni chakula kisicho na nyama. Anayejali halali achague hicho ili asisumbuke.

Stesheni ya Chandigarh iko pembeni mwa mji, upande wa mashariki. Usikubali mtu anayekupokea kwa kusema "ndiyo, mimi ndiye". Mwambie akutajie jina lako. Linganisha namba ya gari.

## Hatua ya 6: Capitol

Mwendo kutoka stesheni hadi Sekta 1 ni dakika 25 hadi 30. Nenda moja kwa moja kituo cha taarifa za watalii cha Capitol, jirani na Mahakama Kuu. Usianze na chai, usianze na Rock Garden, bustani ya sanamu ya Hatua ya 7, hata dereva akisema ni njiani.

Kwa kawaida kuna misafara mitatu kwa siku: saa 4 asubuhi, saa 6 mchana na saa 9 alasiri. Hakuna kiingilio. Kila mtu anaonyesha pasipoti halisi na kuandikwa daftarini. Kuwepo dakika 30 kabla ni lazima, maana msafara ukishaondoka hauunganishwi njiani. Ni eneo lenye askari wenye silaha.

Msafara huchukua kama saa moja na nusu. Umbali kati ya Mahakama Kuu na Bunge ni takriban mita 450 za zege wazi. Mwenye magoti mabovu aambiwe mapema.

Haya ndiyo ya kutazama kwa makini, kwani wengi huyapita:

Mahakama Kuu. Paa lake la juu limeinuliwa kama mwavuli juu ya jengo, ili hewa ipite katikati na mvua isipige kuta. Simama chini ya nguzo zile tatu za rangi utazame juu. Utahisi upepo ambao uwanjani haupo.

Sanamu ya Mkono Wazi. Ina urefu wa mita 26 na inazunguka kufuata upepo. Ingoje dakika mbili bila kuzungumza. Kiganja kinageuka polepole, mara kinafanana na ndege, mara mkono. Chini yake kuna uwanja uliochimbwa kama shimo lenye ngazi, uliokusudiwa kwa mikutano ya watu.

Mnara wa Vivuli. Umejengwa ukiwa wazi kuonyesha jinsi vipande vya zege vinavyoweza kuzuia jua la upande huu na ule. Ingia katikati yake mchana: ni nafuu kuliko nje kwa kiasi cha kukushangaza. Huo ndio ufunguo wa majengo mengine yote ya hapo.

Zege lenyewe. Sogea hadi pua iguse ukuta. Utaona mishipa ya mbao za fomu zilizotumika kulimimina, na vifundo vya ubao, na mahali pengine alama zilizochapwa za samaki, nyoka na jua. Fundi yeyote wa ujenzi atakaa hapo muda mrefu.

Bunge. Jengo hilo moja linatumiwa na majimbo mawili, Punjab na Haryana, ambayo yote makao makuu yake ni Chandigarh. Ukibahatika kuingizwa ndani, simu hubaki nje. Usibishane.

Picha za nje piga pale tu ofisa anaposema ruksa. Usielekeze kamera kwa askari, vizuizi au magari ya viongozi. Picha moja ya askari inaweza kumaliza ziara ya kundi zima.

*Umefaulu ikiwa* saa 5:30 uko nje ya geti, umeuona Mkono ukizunguka na pasipoti imerudi mfukoni. Hata mvua ikinyesha siku nzima iliyobaki, safari imelipa.

Umekosa msafara wa kwanza? Jiandikishe wa saa 6, nenda Rock Garden kwa haraka kisha urudi; ziko jirani. Ukikosa na huo, weka wa saa 9 na uondoe makumbusho na Sekta 17 kwenye ratiba.

## Hatua ya 7: Rock Garden

Iko Sekta 1 hiyohiyo. Nek Chand, mkaguzi wa barabara wa serikali, aliijenga kwa siri msituni kwa miaka mingi kutokana na taka: vigae vya vyoo, bangili zilizovunjika, soketi za umeme, mapipa. Ilifunguliwa kwa umma 1976. Kiingilio ni kidogo, hulipwa taslimu dirishani.

Njia ni moja, ya kwenda mbele tu. Milango imefanywa mifupi makusudi ili kila anayepita ainame. Mrefu ajihadhari na kichwa. Kuna ngazi na mawe yanayoteleza karibu na maporomoko, kwa hiyo kiti cha magurudumu hakipiti sehemu kubwa. Tenga saa moja na robo. Mwambie dereva akungoje mlango wa kutokea.

Usipite haraka kwenye kundi la sanamu za bangili. Chuchumaa, tazama uso mmoja: kila kipande cha kioo kimewekwa kwa mkono, rangi kwa rangi, na hakuna nyuso mbili zinazofanana.

## Hatua ya 8: Chakula na swala

Kula mnamo saa 7 mchana. Sekta 17, 22, 26 na 35 zina mikahawa mingi. Chakula cha Kipunjabi kisicho na nyama ni kizuri kiasi kwamba hutaikumbuka: dengu nyeusi zilizopikwa usiku kucha kwa siagi, jibini ya paneer, chapati za tanuri. Kwa nyama, uliza kama ni halali kabla ya kuagiza, kwani sehemu nyingine hutumia uchinjaji wa Kisikh. Msikiti wa Jama uko Sekta 20. Siku ya Ijumaa panga chakula kifuate swala, na mweleze dereva tangu asubuhi.

Lita moja ya maji inapaswa kuwa imeisha sasa. Kama bado, kunywa.

## Hatua ya 9: Makumbusho, moja tu

Saa 8 mchana chagua moja. Ukichagua mbili utakimbizana na treni.

Anayependa ujenzi na mipango miji aende Kituo cha Le Corbusier, Sekta 19-B. Ni ofisi yenyewe walimofanyia kazi wasanifu, na mna barua, michoro na ramani. Anayependa sanaa ya kale aende makumbusho ya Sekta 10, yenye sanamu za Gandhara, eneo la kale la Wabuddha. Jirani yake pana makumbusho ya usanifu wa mji.

Utaviona viti vya mbao za msaji vyenye miguu ya herufi V iliyogeuzwa na sehemu za kukalia za henzirani, kazi ya Pierre Jeanneret. Vingine vya aina hiyo vimeuzwa Ulaya kwa bei za kutisha. Mtu akikunong'oneza kuwa anacho "cha asili" cha kuuza, ondoka. Ama ni bandia, ama ni samani za urithi ambazo serikali imekataza kuuzwa.

## Hatua ya 10: Sekta 17 na Ziwa Sukhna

Saa 9:30 alasiri teremka Sekta 17, uwanja wa maduka usioingia magari. Tembea nusu saa. Tazama chini: baadhi ya mifuniko ya chuma ya mifereji imechorwa ramani ya mji wote, sekta kwa sekta. Ni ramani nzuri kuliko nyingi zinazouzwa.

Saa 10:30 jioni elekea Sukhna, ziwa lililotengenezwa 1958 kwa kuzuia kijito. Magari hayaingii kwenye njia ya ukingoni, ni watu wa miguu tu, milima ya Shivalik ikiwa nyuma ya maji. Hata Novemba na Desemba, jua linapozama mapema zaidi, litazama karibu na saa yako ya kuondoka au baada yake. Miezi mingine litazama ukiwa umeshaondoka; usidanganyike kungoja.

## Hatua ya 11: Kurudi

Ondoka ziwani saa 11:20 jioni, hakuna mjadala. Ni saa ya watu kutoka kazini, na mwendo wa dakika 25 unaweza kufika 45. Kabla ya kuingia garini hakikisha pasipoti, simu, na kila mtu.

Angalia programu ya reli inayoonyesha treni ilipo. Ikichelewa saa moja, bado ni nafuu kungoja. Ikichelewa zaidi ya saa tatu, reli hurudisha nauli yote ukiomba kabla treni haijaondoka. Hapo panda basi la kiyoyozi kwenda Delhi kutoka kituo cha Sekta 17. Mwombe dereva asiondoke stesheni hadi uhakikishe, na kwa hilo mlipe saa ya ziada mliyokwisha kukubaliana.

Ukishafika New Delhi usiku, toka kwa upande ule ulioagizia gari. Paharganj na Ajmeri Gate ni milango miwili ya stesheni moja, na kuzunguka kutoka mmoja hadi mwingine kwa gari saa 4 usiku huchukua muda mrefu kuliko unavyodhani.